Ukibuni alama ya kuchezea wakati, anzia kwenye kalamu

Miswada ya hadithi za ulimwengu wa kubuni ninayoletewa na waandishi wanaoanza haikosi alama ya wakati. Shujaa anachora duara hewani, duara linawaka buluu, adui anaganda. Sura ya tatu analichora tena. Ikifika sura ya kumi msomaji hana hofu na lolote, maana duara lipo. Ndipo mwandishi anapoanza kuhangaika na visingizio: shujaa kachoka, kidole kimeteguka, adui naye ana duara lake.

Mimi humlaumu huyo aliyechora hewani. Kitu kilichoandikwa kina wino, kina pa kuandikwa, kina mkono uliofundishwa, huchukua muda kukiandika, na kinafutika. Ukiyatupa hayo yote, afadhali umpe shujaa kitufe abonyeze.

Watazame Wamisri wa kale. Mungu wao wa kike wa uandishi, Seshat, amechorwa kwenye kuta za mahekalu akiwa na upongoo wa kuti la mtende, akiutia mikato ya kuhesabu miaka ya mfalme. Upongoo wa namna hiyo ndio uliokuwa alama yao ya kuandikia neno mwaka. Yupo pia Heh, ambaye picha yake ilisomeka milioni. Hushika upongoo mmoja kila mkono, na hivyo ndivyo alivyochongwa kwenye kiti kimoja cha mbao kilichokutwa kaburini mwa mfalme Tutankhamun. Kumtakia mfalme maisha marefu kulikuwa kazi ya kisu na mti.

Sasa jiulize kama mtunzi. Upongoo una urefu gani, na ukijaa mikato je? Nani anaruhusiwa kushika kisu? Mkato ukishatiwa unazibika? Mwizi akiuvunja katikati, mfalme anapungukiwa na miaka ya mbele au ya nyuma? Hilo la mwisho peke yake linatosha kitabu kizima, na hujamtaja mchawi hata mmoja.

Halafu kuna kufuta, ambako wanaoanza hukusahau kabisa. Majina ya wafalme wa Misri yalizungushiwa kamba iliyochorwa, ili jina lidumu. Hatshepsut, mwanamke aliyetawala kama farao, alipokwisha kufa, katika miaka ya mwisho ya mfalme aliyemfuata, Thutmose wa Tatu, jina lake na picha zake vilifutwa kwa patasi kwenye majengo mengi. Mtu aliyetumwa na patasi kuondoa jina la marehemu ukutani ananivutia kuliko shujaa yeyote wa duara la buluu. Alilipwa nini? Alijua kusoma alichokuwa akikiondoa?

Na sisi wa pwani tuna kombe. Aya za Kurani huandikwa kwa zafarani kwenye sahani, maandishi yakaoshwa kwa maji ya marashi, mgonjwa akanywa. Chukua utaratibu huo, lakini aya ziache zilipo. Kuna wasomaji watakaoona dini yao imefanyiwa mchezo, na hawatakuwa wamekosea. Utamu wa utaratibu wenyewe ni kwamba maandishi yanafanya kazi baada ya kuacha kusomeka. Katika ulimwengu wako, mtu anaweza kuandikiwa siku saba sahanini akazinywa. Akitapika? Akinyweshwa mtoto kwa bahati mbaya? Hakuna tena cha kufuta, wala hakuna nakala ya kumpelekea hakimu.

Jambo jingine linalowaponza wengi ni kuandika "alama ya kurudisha siku moja" bila kuamua siku inaanza lini. Kwetu saa huhesabiwa tangu jua lichomoze, na jua la Alhamisi likizama tumeshaingia usiku wa kuamkia Ijumaa. Mwenzako anayehesabu siku kuanzia katikati ya usiku akiichora alama hiyohiyo saa mbili usiku, anarudi kwingine kabisa. Kama ulimwengu wako una falme mbili, zipe hesabu mbili, kisha uwaache wahusika wagombane juu ya mkataba waliouwekea muhuri jioni.

Huko Skandinavia watu walichonga kalenda kwenye fimbo za mbao kwa herufi zao za runi. Walihitaji alama 19, kwa kuwa mwezi wa angani hurudia kuandama na kupevuka kwa tarehe zilezile, karibu sawasawa, kila miaka 19. Herufi walizokuwa nazo zilikuwa 16. Wakabuni tatu zaidi. Nikimwona mwandishi amekwama, humpa hizo tatu: herufi ambazo hakuna neno linaloandikwa kwazo, zipo kwa ajili ya wakati tu. Ni mtoto gani wa shule atakayemuuliza mwalimu zinatamkwaje?

Zoezi ninalowapa wanaoanza ni hili. Kabla ya vita, kabla ya unabii, andika ukurasa mmoja wa mwanafunzi anayefundishwa kuichora alama. Taja anachoandikia, taja wino unatoka wapi na nani anaununua. Mfanye akosee mstari mmoja, kisha tuambie mwalimu anakimbilia kushika nini kwanza: mkono wa mwanafunzi, kitambaa cha kufutia, au mlango. Ukishindwa kuujaza ukurasa huo, alama yako bado haijawa tayari kwa vita.