Swali la Lugha: Cromwell hakuwa Waziri Mkuu

SWALI: Msomaji wa Morogoro anafasiri makala ya historia ya Uingereza. Anauliza: "Thomas Cromwell, mtumishi wa Mfalme Henry VIII, nimwite Waziri Mkuu au Katibu Mkuu? Nimeyaona yote mawili."

JIBU: Usitumie lolote kati ya hayo, na hilo la kwanza nakusihi ulifute kabla makala haijatoka mikononi mwako.

Waziri na katibu ni maneno ya Kiarabu, la pili likiwa na maana ya mwandishi. Asili yake haina ugomvi. Ugomvi uko kwenye "Mkuu". Waziri Mkuu kwa Mtanzania ni mtu wa Katiba: Rais humteua miongoni mwa wabunge wa majimbo, Bunge humthibitisha, na Bunge hilohilo laweza kumwondoa kwa kura. Cromwell hakuwa na hata kimoja kati ya hivyo. Cheo chenyewe hakikuwapo. Robert Walpole, anayehesabiwa kuwa wa kwanza kushika nafasi hiyo Uingereza, aliingia 1721, miaka 181 baada ya Cromwell kukatwa kichwa.

Kosa hili linaniudhi kuliko mengine kwa sababu linaficha jambo lenyewe ambalo msomaji anapaswa kulijua: mtoto wa mhunzi wa Putney alitawalaje nchi bila cheo kikuu? Jibu ni mihuri.

Serikali ya Henry ilikuwa na mihuri mitatu. Tuseme mtu anaomba shamba la mfalme. Ombi linaandikwa, mfalme anatia saini kwa mkono wake. Karatasi inakwenda kwa makarani wa Muhuri Mdogo, nao wanaandika barua ya kuiagiza ofisi ya Muhuri wa Faragha. Ofisi hiyo inaandika barua nyingine kwa Chansela, mtunza Muhuri Mkuu. Kwa Chansela ndipo hati ya ngozi inapoandikwa na kutundikwa nta ya Muhuri Mkuu. Kila kituo kina ada yake. Waombaji wenye mkono mrefu walizoea kuruka vituo, makarani wakakosa riziki, ndipo sheria ya 1536 ikaamuru njia yote ifuatwe.

Sasa tazama. Cromwell aliupata Muhuri Mdogo 1534 alipofanywa Katibu wa Mfalme. Julai 1536 akapewa na Muhuri wa Faragha, na ule wa kwanza hakuuachia hadi Aprili 1540. Kwa karibu miaka minne, vituo viwili kati ya vitatu vilikuwa vyake. Muhuri Mkuu hakuwahi kuushika. Ulikuwa kwa Chansela, Thomas Audley. Ukiandika "Waziri Mkuu", yote haya yamefutika, na msomaji anabaki na picha ya mtu anayeongoza kikao cha mawaziri ambacho hakikuwapo.

Hata anguko lake halieleweki. Alikamatwa tarehe 10 Juni 1540 barazani, akahukumiwa kwa sheria ya Bunge bila kufikishwa mahakamani, akauawa Tower Hill, London, tarehe 28 Julai, siku mfalme alipomwoa Catherine Howard. Waziri Mkuu ana chama na wabunge wa kumkinga. Huyu alikuwa na mfalme tu, na mfalme alipogeuka hakukuwa na wa pili.

"Katibu Mkuu" lina afadhali, maana ukatibu alikuwa nao kweli. Lakini msomaji wa leo, awe Dodoma au Nairobi, akiliona atamfikiria mtendaji wa wizara au kiongozi wa chama. Andika "Katibu wa Mfalme", yatosha.

Je, "waziri wa mfalme", kwa herufi ndogo? Hapo navumilia. Waziri wa hadithi zetu za masultani huamka asubuhi akiwa na joho na jioni hana kichwa, na huyo anamkaribia Cromwell kuliko yeyote wa siku hizi.

Angalia mitego mingine mitatu. Mwaka 1533 alifanywa Chansela wa Hazina. Usiandike "Waziri wa Fedha". Leo cheo hicho ndicho cha waziri wa fedha wa Uingereza, ila wakati ule kilikuwa kidogo, na mkuu wa hazina alikuwa Duke wa Norfolk, adui yake. Muhuri wa Faragha nao usiugeuze "Muhuri wa Siri": ulikuwa wa mfalme mwenyewe kwa mambo yake, na kila karani aliujua. Cheo cha aliyeushika kiandike "Mtunza Muhuri wa Faragha".

Wa tatu ni "Earl wa Essex". Aliupata uungwana huo tarehe 18 Aprili 1540, hakukaa nao hata miezi miwili kabla ya kukamatwa. Kwa hiyo katika sehemu yako inayohusu kuuawa kwa Anne Boleyn, malkia wa Henry, Mei 1536, yeye si Earl, wala bado hajakabidhiwa Muhuri wa Faragha. Hapo andika: "Thomas Cromwell, Katibu wa Mfalme."