Kuandika maisha ya wasanii wa kantri: makaratasi kwanza, mahojiano baadaye

Mkuu, umeuliza wanaoandika maisha ya wasanii wa muziki wa kantri kule Marekani huanzia wapi, na kama kinasa sauti kizuri kinatosha. Hakitoshi. Kazi huanzia kwenye makaratasi.

Msanii wa kantri huuza nyimbo pamoja na simulizi ya maisha yake. Akishaisimulia jukwaani miaka 30, hata yeye mwenyewe huishia kuiamini. Mfano ni mwimbaji Loretta Lynn: kwa miongo mingi iliandikwa kwamba aliolewa na miaka 13. Nyaraka za Kentucky, jimbo alikozaliwa, zilipofukuliwa mwaka 2012, ikaonekana alizaliwa Aprili 1932 na kuolewa Januari 1948, yaani akiwa na miaka 15. Waandishi walikuwa wakinakiliana tu.

Basi kabla ya kuomba miadi, andaa kalenda ya maisha yake: cheti cha kuzaliwa, cha ndoa, magazeti ya wilayani kwao, na sensa. Majina kwenye sensa za Marekani hufunguliwa baada ya miaka 72, kwa hiyo ya 1950 ilianza kusomeka 2022. Kwa rekodi za Nashville, mji wenye studio nyingi za kantri, tafuta mikataba ya chama cha wanamuziki. Humo mna majina ya wapigaji, siku na saa, na kwa kawaida kipindi kimoja cha studio ni saa tatu. Wengi hukosea hapa kwa kuchukua tarehe ya santuri kutoka kama ndiyo ya kurekodiwa. Mwimbaji Hank Williams alirekodi "Your Cheatin' Heart" Septemba 1952; umma ukaipata Januari 1953, yeye akiwa ameshafariki siku ya mwaka mpya.

Siku ya mahojiano, rekodi kwa WAV (faili la sauti lisilobanwa), ukipanga kinasa kwenye biti 24 na kilohezi 48, na kinasa cha pili kiwe kinaendelea pembeni. Friji na feni zizimwe, maana mvumo wake ni vigumu kuuondoa baadaye. Usiulize "ulianzaje muziki", utapewa simulizi ileile ya jukwaani. Uliza nani alipiga gitaa la chuma (lile linalopigwa kwa kutelezesha kipande cha chuma juu ya nyuzi) usiku ule, walisafiri kwa gari gani, nani aligawa pesa. Halafu mtafute mpiga besi na dereva wa basi. Hao hawana sifa ya kulinda. Fomu ya ridhaa isainiwe kabla hujaondoka, maana akifariki itabidi uanze upya na warithi.

Familia ikikupa kanda za rili (utepe wa sauti uliozungushwa kwenye gurudumu) za miaka ya 70 au 80, usizicheze kwanza. Gundi inayoshika unga wa sumaku hufyonza unyevu. Kanda hunata, hulia kwenye mashine, na unga wa kahawia hubanduka pamoja na sauti. Mafundi huzipasha joto la takriban nyuzi 54 za Selsiasi kwa saa nane hivi, ndipo huzinakili bila kuchelewa. Hiyo ni kwa kanda za plastiki ya poliesta tu. Rili ikipitisha mwanga ukiielekeza dirishani, yaelekea ni asetati, plastiki ya zamani zaidi, na joto litaiharibu.