Kutoka ramani za majengo hadi seti ya filamu

Swali: Mimi ni mchora ramani za majengo. Nimeombwa kusaidia kitengo cha sanaa katika filamu inayotayarishwa hapa Dar es Salaam. Naomba kujua prodaksheni dizaina na mkurugenzi wa sanaa wanatofautianaje, na kama ramani ninazozichora zitafaa kwa seti, yaani mahali panapojengwa kwa ajili ya kupigia filamu, jinsi zilivyo.

Jibu: Prodaksheni dizaina ndiye anayeamua filamu nzima itaonekanaje: husoma muswada, huketi na mwongozaji pamoja na mpiga picha mkuu, na kukubaliana nao kuhusu rangi, zama, umbo la vyumba na mahali pa kupigia picha. Mkurugenzi wa sanaa hufanya kazi chini yake, akiyageuza maamuzi hayo kuwa michoro yenye vipimo, bajeti, ratiba ya mafundi na seti iliyokamilika siku waigizaji wanapofika. Kwetu, ambako bajeti ni ndogo, mtu mmoja hubeba vyeo vyote viwili, na wakati mwingine hubeba viti na mapazia pia. Cheo cha prodaksheni dizaina kilipata umaarufu mwaka 1939, mtayarishaji David O. Selznick alipompa William Cameron Menzies kwa kazi yake katika filamu ya Gone with the Wind.

Mfano mzuri wa mgawanyo huo ni filamu ya Dr. Strangelove ya mwaka 1964, ambayo prodaksheni dizaina wake alikuwa Ken Adam, naye mkurugenzi wa sanaa akawa Peter Murton. Adam, ambaye kama wewe alitokea kwenye usanifu majengo, alibuni chumba cha vita chenye duara kubwa la taa juu ya meza, na taa hizo hizo ndizo zilizowamulika waigizaji. Ndiyo maana nasema kwamba mbunifu wa seti asiyezungumza na mtu wa taa anafanya nusu ya kazi.

Kuhusu ramani zako, usahihi wa vipimo utakusaidia sana, ila jengo huchorwa kwa ajili ya mtu atakayeishi ndani yake, wakati seti huchorwa kwa ajili ya lenzi. Chukua kamera yenye kihisi (sehemu inayonasa picha) cha upana wa milimita 36. Gawanya 36 kwa namba ya lenzi (urefu wake wa fokasi kwa milimita), kisha zidisha kwa umbali kutoka kamera hadi ukutani. Lenzi ya 50 ikiwa mita 5 kutoka ukutani itaona mita 3.6 za upana, na kwa picha ya uwiano wa 16 kwa 9, takriban mita 2 za kimo. Kamera ikikaa kwenye kimo cha mita 1.5 bila kuinamishwa, itaona ukuta huo kuanzia nusu mita hadi mita 2.5, kwa hiyo dari iliyo mita 3 juu haimo kwenye picha na hakuna sababu ya kulipia jipsamu. Mpiga picha akibadili mawazo na kuweka lenzi ya 24, ataona upana wa mita 7.5 na kimo cha zaidi ya mita 4, na pengo lako la dari litaonekana na kila mtazamaji.

Jambo jingine ni kwamba mita 5 hizo hazipatikani katika chumba cha kulala cha mita 3 kwa 4. Kwa hiyo ukuta mmoja au miwili huundwa kwa fremu za mbao na plaiwudi, ikafungwa kwa skrubu badala ya misumari, ili iondolewe kamera inapohitaji kurudi nyuma. Ukuta huo uweke alama kwenye ramani kwa rangi tofauti, na uhakikishe kwamba hakuna swichi wala waya wa taa unaopita ndani yake.

Kabla ya kuchora chochote, omba orodha ya lenzi zitakazotumika, kisha chora sakafu kwa kipimo cha 1:50. Kata pembetatu ya karatasi angavu inayoonyesha eneo ambalo kila lenzi inaona na uitembeze juu ya ramani mkiwa pamoja na mpiga picha mkuu, kabla mbao hazijanunuliwa.