Dogo, weka hiyo sindano chini kwanza

Dogo wa Makorora, yani umeandika aya nzima kuuliza mashine ya tatuu ya koili au rotari, volti ngapi, umchaji mteja bei gani, af mwishoni unatupia kama utani vile eti kesho unamchora jirani yako na sindano ileile uliyojichorea pajani, "nishailoweka kwenye spiriti". Nilikuwa nakula nikaacha sahani. USIMCHORE.

Hiyo ya spiriti mie nilifundishwa na fundi mmoja pale Ngamiani, jamaa wa mikogo kwelikweli, mikono yote simba na majina ya wanawake, hakuna swali asilokuwa na jibu. Sindano zake zilikuwa zinaogelea kwenye kopo la jemu, ukihoji anakwambia sindano ni hela, spiriti inaua kila kitu. Haiui kila kitu bana! Sindano ya tatuu ni visindano vingi vimeunganishwa, damu inajificha humo katikati, hata uchemshe kama makande haitoshi, hospitali vyombo wanavipika kwa mvuke wa presha nyuzi 121, wewe una sufuria. Na Tanga yetu ni waja leo waondoka leo, ila kirusi cha homa ya ini B hakina haraka hiyo, kinakaa hai juu ya meza hata siku 7.

Sasa siku hiyo nikamchora bodaboda mmoja bega, nikaitumbukiza, nikaitoa nikamchora mwenzake jina la mwanawe, wakati naifuta ikapenya glovu ikanichoma kidole. Fundi anacheka, "nyonya uteme". Nikanyonya! Chekeni tu, hata mie nacheka saa hizi. Bahati shemeji yangu nesi, akanikokota hospitali usiku uleule nikaanza PEP, zile dawa za kuzuia VVU visishike, maana ile ikipita saa 72 umeshachelewa, af unameza siku 28. Vidonge vyenyewe vinakuja kwenye kopo linalia chakachaka na mjini hapa nani asiyelijua lile kopo, mchumba akalisikia kwenye begi kabla sijamweleza, kwao wakarudisha mahari na maneno juu yake.

Ila kilichonimaliza kabisa ni kwenda kijiweni kumwambia yule wa pili kaka twende tukapime, sindano niliyokuchorea ilikuwa imetoka kwa mwenzio. Hakunipiga, na ningeona nafuu angenipiga. Tulipima, miezi ikapita tukapima tena, wote salama, lakini mpaka leo pale sipandi boda, natembea na jua langu. Na yule fundi bila aibu anazunguka anasema mie ndo mzembe, sikuloweka vya kutosha!!

Sindano moja, mtu mmoja, basi. Pakiti ifunguliwe mteja anaona, ukimaliza inaingia kwenye dumu gumu lenye mfuniko, usijaribu hata kuirudishia kifuniko chake, hapo ndo watu wanajichoma. Katriji, yani vile vichwa vya sindano vya kuchomeka kwenye mashine, chukua zenye utando ndani unaozuia damu kurudi kwenye mashine, mashine na waya wake vivishe nailoni, wino mimina kidogo pembeni na uliobaki mwaga, usiurudishe chupani. Na kachanje homa ya ini B, dozi 3 kwa miezi 6, ya homa ya ini C chanjo hakuna kwa hiyo usijione umemaliza.

Ukitaka mazoezi nunua ngozi bandia, ukikosa chora machungwa, Muheza si hapo tu. Juisi ikitoka ujue umezamisha mno, kwa mtu wino unakaa milimita 1 hadi 2, ukizidisha unasambaa chini ya ngozi na kuufuta ni kazi.

Sijui uliuliza na nini kingine, ah mashine, wapo wataalamu humu watakuja. Wewe nijibu kwanza, jirani umeshamwambia asije?