Mpwa wangu, kuhusu bati la bibi na hizo dola

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Unasema Tanga mmeliona jina langu kati ya waandishi wa tamthilia ya Marekani, mtaa mzima unajua mjomba wako analipwa kila ikioneshwa, na mama yako anauliza mbona bati la nyumba ya bibi bado linavuja. Hilo la bati limeniuma. Msomee na yeye haya.

Jina lile ni kazi ya wiki 14. Sehemu 8, tukaandika, chumba cha waandishi, yaani lile kundi linaloandika tamthilia pamoja, kikafungwa, kila mtu akarudi kwake kusubiri simu. Zamani msimu ulifika sehemu 22. Ukipata chumba cha waandishi ulikuwa umepata kazi ya mwaka. Na hiyo yetu iko mtandaoni: aitazame mmoja au laki, malipo yangu ya marudio hayaongezeki, labda iwe kati ya zile chache zinazotazamwa mno. Kwenye ujira wenyewe wakala anakata asilimia 10, meneja 10, mwanasheria 5. Robo imekwenda, kodi ya serikali bado. Kinachobaki ndicho cha kulipia chumba cha kupanga Los Angeles mwaka mzima.

Niliingia kwa cheo cha chini kabisa. Enzi hizo wa cheo hicho akiandika skripti nzima halipwi kwa skripti, anapata ujira wake wa wiki basi. Chama chetu cha waandishi, WGA, kiligoma kuanzia tarehe 2 Mei 2023, siku 148, na malipo hayo ya skripti tukayapata. Lakini siku zote hizo dawa za bibi zilitoka wapi? Asubuhi nilishika bango nje ya lango la studio, jioni nilisambaza chakula majumbani. Usiku mmoja nilibisha hodi, akafungua mtayarishaji niliyewahi kukaa naye meza moja. Akapokea mfuko, akanipa bakshishi ya dola tano, jina langu hakulitaja. Nililia ndani ya gari, kisha nikaituma ile hela. Sikuwaambia. Nikawaacha mwamini mnayoyaamini leo, na hapo nimekosa mimi.

Usije. Hasa usije kwa viza ya matembezi. Bila kibali cha kazi hakuna chumba cha waandishi kitakachokuchukua. Mimi karatasi nilizipata kwa bahati nasibu ya viza, si kwa kalamu. Skripti yako ya wavuvi wa Pangani nimeisoma, na ule ugomvi wa nahodha na mkewe hapa hakuna wa kuuandika. Itengenezeni huko huko, hata kwa kamera ya kuazima.

Na ukija hata hivyo, maana mimi nami baba alinikataza na sikumsikia, njoo na skripti mbili zilizokamilika kwa Kiingereza. Njoo kabla hujapata mtoto. Kochi langu ni lako, hutalala njaa.

Bati sasa. Mwezi ujao nina kazi ya wiki 6. Nitatuma nusu ya gharama, nusu nyingine dada anivumilie. Fundi aanzie chumba anacholala bibi.