Unaanza muziki wa muvi? Mcheki Antonio Pinto kwanza

Madogo mnaoanza kutunga muziki wa muvi, kabla hujakopa hela ukanunue kinanda kingine hebu mcheki huyu Mbrazil anaitwa Antonio Pinto, halafu achana na umaarufu wake, we angalia alikuwa anafanya kazi na nani.

Baba yake ni Ziraldo, mchora katuni mkubwa wa Brazil aliyefariki 2024, na dada yake Daniela Thomas ni dairekta. Najua mtasema ah huyo kabebwa na ukoo. Sawa, hata Menino Maluquinho ya 1995 aliyoipigia muziki imetoka kwenye kitabu cha baba yake kabisa, ila ukoo haukutungii muziki bwana.

Sasa hapa ndo nataka mtulie. Central do Brasil ya 1998, ile iliyobeba Dubu wa Dhahabu, tuzo kubwa ya tamasha la filamu kule Berlin, muziki ni wake na Jaques Morelenbaum, mpiga cello. City of God ya 2002, ile ya mtaa wa maskini wa Rio, wake na Ed Côrtes. Yaani muvi zilizomtoa duniani zote jina lake limekaa na la mwenzake! Mi nilivyoanza nilikuwa sitaki mtu aguse kazi yangu, muvi ya dakika 20 nikajaza vayolini mwanzo mwisho, nimekesha siku tatu, dairekta kasikiliza kafuta karibu zote kabakiza kipande kimoja cha mama anafua nguo, eti kwingine kote waigizaji nimewafunika. Niliumia wiki nzima. Ningekuwa na mtu pembeni pale studio angenambia siku ya kwanza tu.

Na City of God muisikilize bila kuangalia picha, samba inaanza, fanki inaingia mtaa unavyozidi kuchafuka, unajua kabisa miaka imesogea. Hiyo hununui dukani, lazima uujue mtaa.

Kingine, msidharau vipande. Collateral ya 2004 muziki ni wa James Newton Howard, Pinto kaweka vipande vyake tu humo, mwaka uliofuata Lord of War akapewa yote. 2007 akatunga wimbo wa muvi unaitwa Despedida na Shakira, ukaingia kwenye kinyang'anyiro cha tuzo za Golden Globe.

Ila mi kinachonikosha zaidi ni yeye na dairekta Asif Kapadia. Senna 2010, Amy 2015, Diego Maradona 2019. Hizo ni dokumentari za picha za zamani tupu, wanaosimulia unawasikia sauti tu hawakai mbele ya kamera, kwa hiyo muziki unabeba mzigo mzito kweli, na dairekta karudi kwa mtu yuleyule mara tatu.

Kwa hiyo huyo dairekta wako wa sasa anayekulipa nauli na chipsi, simu yake pokea, na akikikataa kipande usinune, mpelekee kingine kesho yake asubuhi.