Uliza Mwandishi: Alama yangu ya 13 mbona haimtishi mtu?

SWALI: Shikamoo anti. Mimi ni kijana wa miaka 19, niko Pasua, Moshi, naandika hadithi kwenye madaftari tangu nikiwa form two. Kwenye hadithi yangu kuna kijiji mlimani ambako maji ya mfongo (mfereji wetu wa kumwagilia mashamba) yanaenda kwa alama, yaani wachongaji wanachonga alama kwenye jiwe la pale mfongo unapoanzia na maji yanatii. Alama ziko 13, ila ya 13 ni marufuku, ukiichonga au hata ukiitazama tu unakufa papo hapo. Nimeichora kama fuvu limezungukwa na nyoka. Sasa rafiki zangu watatu wamesoma na wote wanasema hawajaogopa hata kidogo. Alafu mama mkubwa kaiona hiyo michoro kasema naleta ushirikina ndani, daftari kalificha. Nifanyeje? (Msomaji, Moshi)

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Kwanza nikwambie hiyo ya maji kutii alama ni nzuri sana, nimekaa nayo kichwani wiki nzima hapa Arusha, na ni ya kwetu kabisa, mtu aliyekulia Kibosho au Marangu anaujua mfongo, anajua zamu ya maji inavyoweza kugombanisha watu waliozaliwa tumbo moja. Usiiache. Kinachokuangusha ni hicho kifo cha papo hapo.

Hebu fikiria, kama kila anayeitazama anakufa, nani sasa aliipiga marufuku? Nani alibaki wa kusimulia? Na aliyeichonga mara ya kwanza aliumalizaje mstari wa mwisho? Msomaji anayahisi haya hata kama hasemi, alafu anajua mhusika wako hataigusa, na akiigusa basi hadithi imeishia hapo. Watu wanakataza kitu ambacho kuna mtu anakitaka sana. Kwa hiyo mi ningeifanya alama ya 13 ilete maji. Iyalete kweli, usiku huohuo, hata mwezi wa pili wakati nduwa, lile bwawa la kukusanyia maji ya mfongo, imebaki tope lililopasuka. Ila maji yenyewe hayajatoka mtoni, yametoka mahali ambapo mchongaji hapaoni. Leo ni kisima cha bibi mmoja ng'ambo ya korongo, kesho maziwa ya mama anayenyonyesha, alafu siku moja mtoto wa mchongaji mwenyewe anaanguka anaumia goti, analia kwa sauti na uso wake mkavu kabisa, hakuna chozi, na baba yake kasimama pale anaelewa. Hapo hujaua mtu na mimi tayari naogopa.

Kuna kitu cha kweli kilichonifundisha hili. Mwaka 1987 kule Goiânia, Brazili, watu wawili waliingia kwenye kliniki iliyotelekezwa wakachukua sehemu ya mashine ya kutibia kansa ili wauze vyuma chakavu. Mwenye yadi ya chakavu usiku akaona ndani yake kuna kitu kinang'aa bluu, kizuri, akaita ndugu na majirani waje waone, wakagawana ule unga, mtoto wa miaka 6 akauchezea akala mkate na mikono ileile. Ilikuwa sizimu (cesium), ina mionzi. Walikufa watu 4, mtoto yule akiwemo, na waliokutwa na uchafu wa mionzi walikuwa 249. Ninachokumbuka kila mara ni kwamba waliuchukua kwa sababu ulikuwa mzuri, wakaupeleka nyumbani kwa watu wanaowapenda. Alama yako iwe hivyo.

Sasa fuvu na nyoka, toa. Fuvu kila mtu ameshalizoea, liko kwenye transfoma, liko kwenye chupa ya sumu ya panya, maana yake si ya kwako. Mama mkubwa ameshtuka kwa sababu hiyohiyo, ameona kitu ambacho tayari kina maana kwake. Ile alama ya hatari ya vimelea unayoiona kwenye mifuko ya taka za hospitali, yenye pembe zilizojikunja tatu, ilitengenezwa Marekani mwaka 1966 na kina Charles Baldwin wa kampuni ya kemikali ya Dow, na walitafuta makusudi umbo ambalo mtu akiliona halisahau lakini halimkumbushi chochote, ili maana yake afundishwe. Na wewe fanya hivyo, mistari mitatu au minne tu, kitu mtoto anaweza kukichora kwa kidole kwenye tope, maana yake tutafundishwa na hadithi.

Na isale unaijua, lile jani letu Wachaga la kuombea msamaha. Niliwahi kukaa kwenye kikao cha ukoo Machame, mzee mmoja alikuwa hajaongea na mdogo wake miaka na miaka, mdogo akaja na jani la isale akaliweka mezani pembeni ya kata ya mbege, pombe yetu ya ndizi, hakusema neno. Mzee akawa analiangalia tu. Mkono umeanza kutetemeka, sisi wote kimya, nasikia kuku wanaparua nje. Ni jani tu, limechumwa mpakani mwa kihamba, shamba la ukoo, lakini kila mtu mle ndani alijua ukiletewa isale unasamehe, na ukikataa hao wote wamekuona. Akalichukua. Ndo maana nasema nguvu ya alama andika kwa watu walioizunguka, andika wazee wanavyoacha kuongea ikitajwa, andika fundi anavyomfundisha mwanafunzi alama 12 na vidole vyake vinaruka sehemu moja kwenye jiwe. Ila isale yenyewe usiigeuze kuwa alama ya uchawi mbaya, nakuomba, na za kwenye hirizi za watu usizinakili, hizo zina wenyewe na mama mkubwa hapo ana haki ya kukasirika.

Kuhusu yeye, usibishane naye wala usilitafute daftari kwa siri. Subiri jioni ametulia, mwamkie vizuri, mwambie mama naomba nikusomee kidogo, anza na mfongo na ugomvi wa zamu, hayo anayajua kuliko wewe na atakusahihisha, andika anavyosema. Fuvu mwambie umeshalifuta.

Ukimaliza kuiandika upya nitumie sura ya yule mtoto anayelia bila machozi, nataka kujua baba yake anaenda kulivunja lile jiwe au anasubiri kwanza mahindi yakomae.